Poda, Samaki na Mgongo wa Mkwe Wangu

Uso wa mkwe wangu siujui vizuri hata leo. Mgongo wake niliujua mapema. Kwetu Kamina, mama na mume wa binti yake hawatazamani machoni, hawali pamoja, na wakikutana njiani mmoja anaacha njia anaingia majanini. Si chuki, ni heshima, ni bukwe. Siku hizi naona vijana wanacheka na mama bukwe zao meza moja, na mimi hilo limenishinda. Lakini mgongo hauna bukwe. Mgongo unaruhusiwa kuutazama toka Kinkondja mpaka Kamina, na mimi niliutazama, nikashukuru, na ninashukuru bado.

Shule nilisoma kidogo tu, nikatoka pale mtoto anapoanza kuandika jina lake bila kuonyeshwa. Mume wangu alikuwa mtu wa reli. Alipokufa, nyumba ya kazi iliingia mtu mwingine, nikatoka na watoto, sufuria na mkeka. Nilianza kuuza samaki kavu pale gare, kituo cha treni, kitunga kichwani, nikipita chini ya madirisha ya treni na kupiga kelele kuliko wanawake wote. Nyumba ninayokaa leo, ya matofali ya kuchoma na bati, imetoka ndani ya samaki. Hakuna mwanaume aliyeniletea hata tofali moja. Nasema wazi, maana mjini hapa kuna watu wanaosimulia vingine.

Binti yangu mkubwa aliolewa na kijana wa kinga. Kinga, njo vile tunaita baiskeli. Vijana wale walishuka mpaka ziwani Kinkondja na chumvi, sabuni na vitenge, wakarudi na samaki kavu waliofungwa kwenye mikeka, mzigo mrefu kuliko mtu. Kwenda unapanda. Kurudi hakuna kupanda: unafunga fimbo moja kwenye usukani na nyingine nyuma ya kiti, unasukuma kwenye mchanga tangu jua linatoka mpaka linaingia. Mkwe wangu alikuwa hodari kati yao, naye aliniletea mimi. Samaki wangu walifika wazima, vichwa na mikia, si makombo kama ya wengine.

Halafu akaanza kufika kabla ya wenzake. Wao bado wako mbali huko, yeye ameshafungua mzigo uani. Nilifurahi, nisidanganye. Nilimwambia binti yangu, "Ambia bwana yako, huyu njo mwanaume."

Binti yangu hakucheka. "Mama, halali. Hakuli. Anaongea na ukuta."

Mambo yalitoka Base, ile kambi ya askari nje ya mji. Miaka ile ya Zaire kulikuwa na wageni waliokuja na ndege, wakakaa, wakaenda zao. Kulikuwa na mtu mmoja aliyewafulia nguo, si askari, si kitu. Kwao alijifunza poda moja nyeupe, na walipoondoka alijua pa kuitafuta. Watu waliita "unga ya ndege". Mfua nguo alikaa pale njia inapogawanyika, mkono mmoja unaenda Base, mwingine unakuja mjini, akitazama vijana wa kinga wanavyofika wamechoka. Mara ya kwanza alimpa mkwe wangu bure. "Vuta kidogo na pua, bwana samaki. Kilima kitalala chini chenyewe."

Na kilima kililala kweli. Shida ni kwamba kiliamka. Ile nguvu ilikaa muda mfupi, hata sufuria ya maharagwe haijaiva, kisha mtu anaanguka: amekasirika, amenuna, moyo unapiga kama ngoma mpaka unaona shati linaruka. Akarudi kuvuta tena ili asianguke. Pua ikatoka damu. Mzigo ukaanza kufika mwepesi, kwa sababu samaki wangu walibaki kwa mfua nguo. Mara nyingine alilala siku nzima na usiku wake na siku nyingine, akiamka analia kama mtu aliyefiwa.

Mimi nilijua dawa. Kitu kikiingia ndani ya mtu, unakitoa. Mnyoo unatoa, sumu unatoa, nyongo unatoa. Nikachimba mizizi, nikachemsha, nikamwita binti yangu kwenye uzio nikampa chungu na bomba, ile ya mpira ya kusafishia tumbo. Mama bukwe hampigi mkwe wake bomba, hata wazimu hawafanyi hivyo. Nilisimama upande wangu wa uzio nikitoa amri kama kapita, msimamizi wa vibarua wa reli.

"Ongeza!"

"Mama, anasema inatosha!"

"Yeye iko munganga? Ongeza!"

Tulimfukiza chini ya blanketi, tukampa uji wa pilipili, akatapika, akatoka jasho la kujaza beseni. Baada ya siku kadhaa alikula bukari, ugali wetu, na mboga ya sombe sahani mbili, akatania watoto. Nikatangaza mtaa mzima: imetoka! Nikampa mali ya kushuka nayo ziwani. Akarudi na kinga tupu.

Hapo ndipo nilipofunga kitambaa kichwani nikaenda kumwona mama mmoja muuguzi, bibi ya askari, mkewe wa ndoa, mtu wa mkoa wa Équateur, Kiswahili chake kimechanganyika na Lingala kama wali na mchanga. Alikuwa mteja wangu wa samaki. Nikamwuliza moja kwa moja, "Ile unga ya ndege inakaa ndani ya mwili siku ngapi? Nilimupiga bomba vizuri, na bado."

Akacheka mpaka akakaa chini. "Mama, weye ulimupiga bomba ya kokaini?"

Ndiyo siku nilijifunza jina lake.

Alipomaliza kucheka alinieleza, na maneno yale nimeyashika kuliko katekismu. Poda yenyewe, alisema, haikai. Ndani ya damu ni saa chache tu. Mwili unaivunja, mabaki yake yanatoka na mkojo, siku mbili tatu hivi yamekwisha. Kwa mtu anayevuta sana, kila siku, yanaweza kukawia wiki na zaidi. Bomba haisaidii kitu, mwili unajisafisha peke yake. "Ulikuwa unafukuza mugeni aliyekwisha kupanda treni," akasema.

"Basi kama imetoka, kwa nini anarudi kuvuta?"

"Kwa sababu kichwa kimejifunza. Poda inatoka, hamu inabaki. Mutu anaweza kukaa miezi, safi kabisa, halafu anaona ile njia, ao ile mutu, ao anachoka tu, na hamu inasimama kama haikulala hata siku moja. Na ile ya zamani haimushibishi tena, anataka nyingi. Kwa nyingi njo moyo unasimama, hata wa kijana. Na kama anachanganya na pombe, mubaya zaidi."

"Dawa yake?"

"Sina kidonge cha hamu, mama. Aache, asikae peke yake, na pale njia inapomushika, muntu awe karibu. Akianguka, musimutupe. Munaanza tena."

Niliondoka nimenuna. Nilitaka mzizi, akanipa kazi.

Nyumbani nikakuta ndugu za marehemu mume wangu wamekaa kwenye viti vyangu. Walikuja kumrudisha binti yangu na watoto, ndoa iishe. Yule mkubwa wao alisema, "Shemeji, mutoto yetu hawezi kufa njaa kwa ajili ya pua ya muntu."

Maneno yale yalikuwa ya kweli, sikuyakataa. Lakini binti yangu alikuwa amesimama mlangoni na mtoto mgongoni, na nilimwona anavyotutazama. Alimtaka bwana yake. Nikasema, "Mupatie safari moja. Kama anafika hapa na mzigo yote, bibi anabaki. Kama inapotea kule kwa mfua nguo, mutamubeba mutoto yenu na miye mwenyewe nitafunga vitu vyake."

"Na nani atamulinda njiani?"

"Miye."

Yule mdogo wao akapasuka na kicheko. "Mama bukwe juu ya porte-bagages! Yesu wangu!"

Na ndivyo ilivyokuwa. Kwenda, nilikaa kwenye porte-bagages, nyuma ya kiti, juu ya gunia la chumvi, miguu upande mmoja, uso umegeukia msituni. Vijiji vizima vilitoka kutazama. Watoto walikimbia nyuma yetu wakiimba mambo nisiyoyasema. Kusema naye siwezi, naye kusema nami hawezi, basi tulisema na kinga.

"Kinga," nilisema, "ambia bwana yako matako yangu si ya chuma."

Akasimama. Akaiambia kinga, "Ambia mama tutapumzika kwenye mto."

Kurudi, njo kazi. Mzigo ulimzidi kimo. Yeye mbele kwenye fimbo zake, mimi nyuma, mikono miwili juu ya mikeka ya samaki, nikisukuma. Kati yetu samaki, heshima imekaa mahali pake. Kitu nilichoona ni mgongo: shati limelowa, mfupa wa bega unapanda na kushuka. Mgongo haujui kudanganya. Kwenye kilima kikubwa cha kwanza niliuona unakaza, si kwa mzigo. Shingo iligeuka huku na huku kama mtu anayetafuta ng'ombe wake. Hatukuwa karibu na Base wala na poda. Kuchoka tu kulikuwa kumeiamsha ile hamu, kama muuguzi alivyosema.

"Kinga," nikasema, "bwana yako amechoka?"

Akapanda hatua kadhaa, akasema: "Kinga, sema na mama, si miguu. Iko ndani ya meno."

Nikaiambia kinga habari za marehemu mume wangu, jinsi alivyoogopa kuku. Mtu mzima wa reli, anapita katikati ya mabehewa yanayotembea, na jogoo akimkimbilia anapanda juu ya meza. Mgongo ukaanza kutikisika. Nilidhani analia, kumbe anacheka. Kutoka hapo kila kilima kilikuwa na hadithi yake, na marehemu anisamehe, nyingine nilizitia chumvi. Nilimpa karanga, nilimpa munkoyo, togwa yetu ya mahindi, pombe nilikataa hata harufu yake. Nilichoka mpaka mikono ikawa kama ya mtu mwingine. Naye aliposikia pumzi yangu imekatika aliiambia kinga isimame, ingawa mimi sikuomba.

Tulifika njia panda jua likiwa juu. Mfua nguo alikuwa pale, miguu imenyooshwa, kofia usoni. Akaiinua.

"Eh, bwana samaki! Leo umeota mukia?"

Kinga ilisimama.

"Ninakuwekea yako," akasema yule mtu, akajipapasa mfukoni. "Ya leo bure. Acha mama aende pole pole na samaki, weye utamukuta mbele. Utamupita kama ndege."

Niliona usukani unageuka. Kidogo tu, upana wa mkono, kuelekea kwake. Nikaona mgongo ule umekuwa kama ubao. Mdomo wangu ulijaa matusi ya gare, yale ninayoyajua mimi, lakini nilimkumbuka binti yangu pale mlangoni, nikaelewa kwamba nikimvuta leo na hasira, kesho nitakuwa sipo; lazima achague mwenyewe. Nikaondoa mikono kwenye mzigo. Nikarudi nyuma hatua moja. Kinga ikazama mchangani, fimbo zikalia.

Nilisali? Sikusali. Nilitazama tu.

Mkwe wangu alihisi uzito. Hakugeuza kichwa, hata pale hakuvunja bukwe. Alisema kwa sauti ndogo, na alikuwa anasema na kinga:

"Kinga. Ambia mama mikono yake isitoke."

Nikarudisha mikono. Nikasukuma kwa nguvu mpaka paji la uso wangu likagusa mikeka, na harufu ya samaki ikaniingia puani, na sijawahi kunusa kitu kizuri kama kile. Usukani ukanyooka. Nyuma yetu mfua nguo alipiga kelele kwamba tutarudi, bote wanarudi kwake. Mkwe wangu akasema, "Kinga, usisikie." Ikatembea.

Mzigo ulifika wote. Ndugu za marehemu waliuhesabu kwa macho, wakala samaki wangu bila aibu, wakaenda kwao bila binti yangu. Nisiwadanganye mnaonisikiliza: haikuisha siku ile. Nilisukuma kinga ile safari nyingi, na wakati wa mvua nilipougua malaria alienda peke yake, akaanguka tena kwa mfua nguo. Alirudi akakaa uani kichwa chini, akaiambia kinga kila kitu, mimi nikisikiliza upande wangu wa uzio. Hatukumpiga bomba. Tulianza tena. Baadaye mfua nguo alihama na poda yake, lakini hata bila yeye, kila mkwe wangu alipofika pale njia panda alitembea upesi, miaka na miaka.

Leo magoti yangu yamekufa. Jumapili mkwe wangu anakuja na kinga, si ile, nyingine, ananikalisha juu ya porte-bagages na mto chini yangu, anasukuma mpaka kanisani mbele ya watu wote, mvi kichwani mwake. Bado hatutazamani. Kwenye kilima cha soko anapumua kwa shida, na mimi nanyoosha mkono nauweka kwenye mgongo wake, kidogo tu, si kwa kusukuma.

"Kinga," anasema, "ambia mama asante."

"Kinga," nasema, "ambia bwana yako miye njo wa kusema asante."