Bendi Ilimpigia Mtu Mwingine

Miaka miwili baada ya Kombe la Dunia kuchezwa huku kusini mwa Afrika nilikuwa namtunza mzee wa Kipolandi, kipofu, nyumbani kwake mtaa wa Bertrams, jirani na uwanja wa mpira. "Mtumikie kafiri upate mradi wako," walinitania wenzangu wa Tanga waliopanga mtaa wa Malvern. Mradi wenyewe sikuwahi kuuona.

Mzee alikuwa mwongozaji wa filamu. Kwao, baada ya vita kuu, filamu zilikuwa za serikali: ukishapiga picha unazipeleka ofisini, ofisi inaamua. Alipiga picha za viwanda, mavuno, mafundi wanaocheka. Filamu moja tu aliipenda, ya mwanamke anayemsubiri mumewe stesheni. Ofisi ikamwamuru akate mwisho wake na kutia mwingine. Akakata, akapewa nishani, akaendelea kula. Kipande kilichokatwa kilichomwa moto. "Nataka mtu mmoja tu akione kabla sijafa," alikuwa akisema, kisha ananuna, hasemi kilikuwa na nini. Nilimwona mjinga. Mtu ataonaje kitu kilichoungua?

Wiki aliyofariki mama yangu, sikulia. Walimzika Tanga alasiri ya siku ile ile, kama ilivyo ada yetu. Mimi huku makaratasi hayakuwa sawa, ningetoka nchini nisingerudi. Nilifua mashuka ya mzee, nikampikia supu yake ya kabichi. Moyo ulikuwa umekufa ganzi kama mguu uliokaliwa.

Jumapili akaniomba nimwekee filamu ile ya stesheni, nimsimulie. Kipolandi sijui, lakini kazi hiyo naijua. Ujanani nilitafsiri filamu za Kichina kwenye banda la video, na Kichina nacho sikukijua. Unatazama midomo, unatia maneno, mwanamke unamtolea sauti ya kike, watu wanarudi kesho. Nikaanza. Mzee akacheka.

"Hakusema hivyo!"

"Kwetu Tanga ndivyo alivyosema, mzee."

Mwishoni treni ikaingia, bendi ikapiga, mume akashuka akipunga mkono. Nilimwona vizuri. Mdomo ukakataa kumshusha.

"Sasa kuna nini?" mzee akauliza.

"Treni imesimama. Hakuna aliyeshuka. Mke anakunja shali yake, anakwenda zake nyumbani."

Bendi ilikuwa inavuma chumba kizima. Nikajua nimeharibu.

"Na hiyo bendi?"

"Inampigia mtu mwingine."

Mzee akashika mkono wa kiti mpaka kanda ikaisha.

"Nani alikuambia?"

"Kuniambia nini?"

"Mwisho wangu. Ule walioukata. Nani alikuonyesha?"

"Hakuna, mzee. Mama yangu kazikwa Jumanne. Sikwenda."

Hakunipa pole. Akasema, "Rudisha nyuma. Simulia tena, taratibu."

Nikarudisha. Treni ikasimama tena, hakushuka mtu. Nilipofika kwenye shali sauti ikanikatika, machozi yakanijaa, na mzee akanimalizia.

"Anakwenda zake nyumbani," akasema.