Pusete na bendera

Miaka ile ya chama kimoja, bendera ilipopandishwa asubuhi mbele ya ofisi ya serikali, kila mpita njia alipaswa kusimama wima, mikono mbavuni. Mama mmoja wa Golf, mtaa wa wenye pesa, alikuwa mbele yangu, akimsukuma mtoto kwa pusete, kile kigari cha magurudumu manne. Akaiachilia, akabana mikono kama sheria inavyotaka.

Barabara ile inatelemka. Pusete ikaanza kwenda.

Hakuna aliyetikisika. Hata mimi, baba wa watoto watano, niliifuata kwa macho tu. Mwuza samaki aliyembeba mtoto wake kwa kitenge alinong'ona bila kugeuza shingo: "Ya miye iko ku mugongo."

Karibu na njia ya motokari, askari jandarme mmoja, mkono wake ungali kwenye kofia, alinyoosha mguu. Gurudumu likagota kwenye buti.

Bendera ilipofika juu, akatoa karneti, kile kijitabu cha kuandikia makosa.

"Citoyenne," akasema, maana miaka ile kila mwanamke aliitwa raia, "juu ya nini pusete yako ilitembea wakati ya bendera?"

"Shefu, mikono yangu ilikuwa wapi?"

Jandarme akafikiri. "Basi kosa iko ya mutoto. Jina yake?"

"Andika tu. Lakini muguu yenye ilisimamisha pusete, ile iko ya nani?"

Akalitazama buti lake, akaifunga karneti polepole.

Nilienda zangu kazini nikiwaza kwamba asubuhi ile, barabara nzima, ni raia mmoja tu aliyekwenda mbele, naye alikuwa amelala.