Baba Yake Hewani

Nimehama sana. Tanga, Dar, Nairobi, Wembley, na sasa Edmonton ya huku Landani, ambako asubuhi nyingine naamka nikidhani nasikia jenereta la kibanda cha video cha mtaani kwetu. Mle ndani filamu za Kichina na za Kihindi zilitufikia kwa sauti ya mtu mmoja. Alikaa kando ya televisheni na maikrofoni yake, akawasemea wote kwa Kiswahili: jambazi, mama mkwe, hata farasi. Pale asipoelewa, alitunga, nasi tuliridhika.

Hapa Landani natunza wazee majumbani mwao. Mmoja ni mama wa Kiingereza ambaye nilimzoesha kuitwa bibi, na jina likamkaa. Baba yake alikuwa mchekeshaji wa jukwaani, enzi za filamu zisizo na sauti. Alianzia kwenye kumbi za muziki na vichekesho, akipanda ngazi isiyoegemea popote, akianguka, akiinuka na kupangusa kofia. Watu wa filamu wakamwona, akawa anaanguka mbele ya kamera. Filamu zilipoanza kusema hawakumhitaji tena. Alirudi jukwaani, kumbi nazo zikafungwa moja baada ya nyingine, akaishia kuchana tiketi mlangoni mwa sinema. Bibi alizaliwa baadaye, akamkuta mtu mzito, asiyeweza kuinama kufunga viatu.

Filamu zake zilipotea, isipokuwa moja fupi iliyopatikana majuzi. Ingeonyeshwa Jumapili mchana kwenye ukumbi mdogo, pamoja na mpiga piano. Bibi alikuwa hajawahi kumwona baba yake akicheza, na macho yake sasa yalibakiza mwanga na kivuli tu. Kwenye basi aliniambia kwamba kazi yangu siku hiyo ni kuona.

Taa zilipozimwa nikamwinamia sikioni. Mwanzoni nilisema kwa adabu: anaingia, ana kofia ndogo, amebeba ngazi. Kisha piano ikanichukua, giza likawa giza la kibanda chetu, na nikasahau niko wapi. Kwa Kiingereza changu cha Tanga nikampa baba yake sauti nene. Nikamfanya amtolee mwenye nyumba maneno makali, kisha ambembeleze binti muuza mikate. Mtu wa kiti cha mbele akageuka, akatutazama, akaanza kucheka.

Bibi akanibana mkono.

"Baba hakusema neno kwenye filamu," akanong'ona. "Usimsemee. Niambie mikono yake iko wapi."

Nikaona haya. Basi nikamfuata kwa mikono. Mkono wa kushoto umeshika ngazi kama unavyoshika bega la mtu unayecheza naye. Wa kulia unatafuta mfuko usiokuwepo. Anapanda. Ngazi inayumba naye anayumba, wala haangalii chini. Uso umetulia kama wa mtu anayesubiri chai. Bibi alikuwa amefumba macho. Vidole vyake vilisogea juu ya mkono wangu, polepole, vikipanda.

Nikamwambia amefika juu kabisa. Ameachia ngazi.

Hapo kitambaa cha sinema kikawa cheupe. Mpiga piano akaendelea kidogo, kisha akaacha.

"Ameinuka?" bibi akauliza.

Mtafsiri wa mtaani kwetu angemwinua papo hapo, na kumwoza yule muuza mikate juu ya hayo. Mdomo wangu ulikuwa tayari wazi.

"Filamu imekatika, bibi. Hajafika chini bado."

"Yuko wapi?"

"Hewani. Mikono ameitanua. Kofia imemtoka, iko juu yake kidogo."

 Watu walianza kuvaa makoti, na mimi nikaona bora ningedanganya. Kisha bibi akaegemea kiti, akatabasamu.

"Mwache hapo," akasema. "Chini kulimuumiza sana mgongo."

Hatukunyanyuka mpaka ukumbi ulipobaki mtupu.