Nyayo Mbili Nyuma ya Mstari

Mtu wa mji wetu wa Baraka akitaka kunikasirisha asubuhi, anisalimie hivi: "Mama iko muzima?" Kisha apite zake bila kuuliza kama mimi mwenyewe ni mzima. Nina miaka thelathini na ushei, nina mke, nina ndevu, na mchezo wa kutupa vishale ubaoni ndio kazi inayonilisha, lakini sokoni bado mimi ni mutoto ya shampiyo, mtoto wa bingwa. Hata siku tulipopeleka posa, mke wangu alielezwa kwa shangazi zake kuwa ndiye anayeolewa kwa shampiyo. Ungedhani mimi nilikuwa mshenga tu.

Shampiyo ni mama yangu. Ni mwanamke mfupi, mwimbaji wa sauti ya pili kwenye kwaya, na kwa miaka mingi alikuwa akiuza ndakala, dagaa wetu, waliokaushwa kwenye mchanga wa ziwa. Vishale alivijulia Kigoma. Wakati wa vita wazazi wangu walivuka ziwa kama walivyovuka wengi wa wilaya yetu ya Fizi, na mama akapata kazi ya kuosha vyombo katika baa moja ya mjini. Ubao wa vishale ulining'inia karibu na mlango wa jikoni. Kila wateja walipoondoka alijaribu mkono. Siku mwenye baa alipokosa mtu wa nne kwenye timu yake, alimwambia mama avue aproni aje asimame hapa. Mama anasema ile aproni hakuivaa tena, na anavyolisema neno hilo utafikiri alivuliwa minyororo.

Amani iliporudi, watu walirudi na vitu vya maana: cherehani, baiskeli, mabati. Mama alishuka kwenye boti na duara kubwa lililofungwa ndani ya kitenge. Bibi yetu, mama yake baba, aliuzunguka ubao ule mara mbili akauliza unapika nini.

Haukupika, lakini ulitulisha. Kila mwaka klabu moja ya Kigoma ilimwita mama aichezee msimu mzima. Walimlipa, walimlaza, walimlisha, na akishinda redio yetu ilitangaza kabla hata ya habari za vifo. Muda uliobaki alikuwa nyumbani, na ubao ulikuwa uani. Pasteri hakuupenda mwanzoni, kwa kuwa alijua ulikotoka, lakini baba alimweleza kwamba kwetu kinywaji ni chai na karanga, na kwamba mchezo wenyewe ni hesabu. Hapo baba hakudanganya. Yeye ni mwalimu wa shule ya msingi. Alileta ubao mweusi wa zamani wenye ufa katikati, akausimamisha kando ya ule wa vishale, akashika chaki. Mchezo unaanza na mia tano na moja, unatoa kila unachopata mpaka ufike sifuri, na kishale cha mwisho lazima kiingie kwenye utepe mwembamba wa ukingoni. Kanuni ya baba ilikuwa moja zaidi: mchezaji atoe mwenyewe kwa sauti. Ukikosea kutoa, vishale vyako vimekufa. Wavuvi wazima walisimama pale wakikuna vichwa huku watoto wao wakiwanong'oneza majibu.

Mimi nilianza nikiwa na miaka tisa. Vishale vyangu vilianguka chini ya ubao kama embe mbovu. Mama akachukua kijiti, akanichorea mstari wangu mwenyewe udongoni, karibu zaidi na ukuta. Mstari wa wakubwa ulikuwa nyuma yake, umefifia kwa nyayo za watu. Kutoka mstari wangu nilifika. Siku niliyopata ishirini ya kwanza nilikimbia mpaka barabarani kuwatangazia wauza muhogo.

Mwaka ule ule mama alipokuwa Kigoma, baba aliamua kumfurahisha. Alinunua saruji, akaita fundi, akamwaga sakafu safi mbele ya ubao. Kabla haijakauka aliona inafaa kuchora mstari wa kudumu. Akaangalia udongo uliobaki pembeni, akaona mstari mmoja unaoonekana vizuri, akaunyoosha kwa rula yake ya shule mpaka ng'ambo ya pili. Ulikuwa wangu. Mwalimu wa hesabu, mtu anayepima urefu wa meza kabla ya kulaza daftari juu yake, hakupima.

Mama aliporudi, majirani walikuwa wameshaalikwa kuja kuiona sakafu. Baba alisimama katikati yao amevaa koti. Mama aliutazama mstari, akamtazama baba, akanitazama mimi niliyekuwa nimesimama juu yake nikiwa na vishale mkononi. Akasema sakafu ni nzuri sana. Kisha akarudi nyuma hatua moja nzito, akatupa vishale vyake akiwa huko.

Tangu siku hiyo mama hakusimama kamwe kwenye mstari. Sisi wote tulicheza kutoka pale, wavuvi, walimu, wachungaji wa ng'ombe walioshuka kutoka milima ya Bibokoboko siku ya soko, na yeye peke yake alisimama nyuma, mkono wa kushoto kiunoni, kidevu juu. Watu walisema ni maringo. Mimi nilisema zaidi ya wote. Nilipofika umri wa kuona aibu juu ya wazazi, nilikuwa namuigiza akiwa hayupo: narudi nyuma nyayo mbili, nashika kiuno, nainua kidevu, natupa, na uwanja mzima unacheka. Vishale viliingia au havikuingia, hakuna aliyejali.

Mtu mmoja tu alituambia ukweli, na tulimcheka. Alikuwa Mrundi wa kambi ya wakimbizi ya Lusenda aliyewahi kucheza Bujumbura. Siku ya kwanza alitupa vishale vitatu, vyote vikapanda juu vikagonga ukuta. Akasema hapa ni karibu. Tukamwambia ni hewa ya ziwa, atazoea. Akazoea kweli, maskini, na baada ya mwezi alikuwa anatupa kama sisi.

Kwa hiyo nilikua nikiwa hodari wa uani kwetu. Nilishinda mashindano yote ya Baraka, ambayo yalifanyika uani kwetu. Nilishinda na yale ya Fizi nzima, ambayo pia, kwa kuwa ubao ulikuwa mmoja, yalifanyika uani kwetu. Watu wakasema mtoto wa nyoka ni nyoka. Nilikasirika kuitwa mtoto, lakini kichwa kilivimba.

Kisha bega la mama likaharibika. Hospitali walimwambia apumzishe mkono. Kigoma walipopiga simu kumwita kama kawaida, aliwajibu kwamba mwaka huu angemtuma mwanawe. Wale si watu wa kupokea urithi. Walisema nafasi yake wataniwekea kwa majaribio ya siku mbili, mechi tatu kila siku. Nikishinda angalau tatu kati ya sita, msimu ni wangu na mshahara ni wangu. Nikishindwa, watachukua mtu mwingine, na jina la mama ukutani kwao litabaki kama picha ya marehemu. Mama aliniambia haya huku akifunga vishale vyake ndani ya kitambaa. Hakunipa ushauri wowote. Aliniuliza tu kama ningependa kwanza kufanya mazoezi nikisimama nyuma kidogo, kama yeye. Nikamwambia mimi sina maringo.

Siku ya kwanza Kigoma nilitupa vishale kama mtu anayelisha kuku. Nililenga ishirini ya juu, kishale kikalala chini yake. Nikaongeza nguvu, kikapita juu ya ubao. Nikapunguza, kikarudi chini. Nilishindwa zote tatu, na mechi ya tatu nilishindwa na mzee aliyekuwa akipokea simu katikati ya mchezo. Hakuna aliyenizomea, na hilo ndilo lililoniuma. Walinionea huruma kwa adabu, wakaniuliza mama anaendeleaje.

Asubuhi yake nilikwenda ukumbini mapema, kabla ya watu. Nilikuwa nimekwisha kupanga maneno ya kusema nyumbani: mwanga mbaya, chakula kigeni, vishale vya mama ni vyepesi. Nikasimama kwenye mstari wao nikajisikia kama nimesimama barabarani na ubao uko ndani ya nyumba. Hapo nikamkumbuka yule Mrundi. Nikaenda mpaka ukutani, nikaanza kurudi nikiunganisha kisigino na vidole, wayo kwa wayo. Tisa. Uani kwetu ni saba. Najua ni saba, kwa sababu utotoni nilizipima kila nilipoongezeka kiatu nikitaka kujua kama nimekuwa mkubwa, mpaka zikabaki saba.

Nikampigia mama. Nikamuuliza mstari wetu umekosewa tangu lini.

"Ngoja nitoke inje," akasema. "Papa yako iko anakunywa chai."

Nikasikia mlango, nikasikia kuku. Nikamuuliza kwa nini miaka yote hiyo hakuniambia. Nilikuwa na hasira ya kweli, hasira ya mtu aliyekuwa mfalme wa uani.

"Ungemuona vile alivala koti," mama akasema. "Na we ulikuwa unarukaruka pale ju ya mustari. Nibomoe sakafu ya sima ya muntu ju ya nyayo mbili?"

Nikamwambia zile nyayo mbili zinanipotezea kazi leo, na zinampotezea yeye nafasi yake.

"Kumbe ile siku nilikuambia usimame nyuma, ulinijibu nini?"

Nikasema nilimjibu kwamba sina maringo.

"Na wakati ulikuwa unanicheka na barafiki yako, mukono ku kiuno, unafikiri sikukuonaka? Ulikuwa unasimama wapi?"

Nikasema nyuma.

"Basi. Unicheke tena leo."

Aliyesema asiyefunzwa na mamaye hufunzwa na ulimwengu hakumfikiria mtu kama mimi, aliyefunzwa na mamaye na bado ulimwengu ukalazimika kurudia somo. Watu walipojaa ukumbini nilisimama kwenye mstari wao, nikaweka mkono wa kushoto kiunoni, nikainua kidevu. Niliona aibu kama mtu aliyevaa nguo ya mamake mbele ya watu. Nikatupa. Kishale kikaingia ishirini. Cha pili kikaingia kando yake. Kule nyuma wapishi walitoka jikoni kuja kuangalia, na mmoja akasema huyu ni yule mama kabisa, mpaka kiuno. Ukumbi ukacheka. Nilishinda ile mechi, nikashinda ya pili. Ya tatu tulifika wote wawili kwenye kishale cha mwisho, na mpinzani wangu akakosa utepe wa ukingoni kwa unene wa unywele. Mimi nilitoa kwa sauti, kama kwetu, wakanishangaa, kisha nikaingiza. Tatu kati ya sita. Nililia kidogo nikisingizia moshi wa jikoni.

Nilicheza msimu wote nikiwa nimeshika kiuno. Nimejaribu kuutoa mkono ule. Ukitoka, vishale navyo vinatoka.

Niliporudi Baraka nilikuta wachezaji wamekusanyika uani, chai tayari, baba na chaki yake. Njiani ndani ya boti nilikuwa nimeamua kwamba nitamweleza baba kwa upole, tupige mstari mpya. Lakini nilipomwona anafuta ubao wake wenye ufa kwa mkono wa shati, nikayaacha maneno hayo. Nikaenda kusimama nyuma ya mstari nyayo mbili, nikatupa nikiwa huko. Wavuvi wakapiga makofi ya kejeli. Wakasema Kigoma imetuharibia mtoto, sasa na yeye ana maringo.

Kisha wakamtaka mama. Alikuwa hajatupa tangu bega liugue. Alikataa, wakamsihi, akachukua vishale, akasimama mahali pake pa siku zote, nyuma. Cha kwanza hakikufika kwenye ubao. Kiligonga ukuta chini, kikaanguka sakafuni, na sauti yake tuliisikia sote. Mama aliitazama mikono yake. Sijawahi kumwona akiona haya mbele ya watu, na sikujua niweke wapi macho.

Baba hakugeuka. Alikuwa anauelekea ubao wake, chaki tayari, mgongo kwetu.

"Mama, usogee ku mustari," akasema. "Niliuwekaka pale ju ya siku kama hii."

Mama alisimama pale pale muda mrefu kuliko mchezo unavyoruhusu. Sijui baba alijua tangu lini. Huenda alipima kesho yake, saruji ikiwa imekwisha kukauka, na wageni wamekwisha kusifu. Huenda kila siku ya miaka ile yote alimwona mkewe akirudi nyuma kwa ajili yake, na akaendelea kuandika namba.

Mama akasogea. Miguu yake ikakanyaga ule mstari wangu kwa mara ya kwanza. Akatupa viwili vilivyobaki, kimoja kikaingia tano na kimoja kikaingia ishirini.

"Toa," baba akasema.

Mama akatoa kwa sauti. Mia nne sabini na sita. Baba akaandika.