Subiri Uitwe

Mimi nina mdomo. Naambiwa hivyo tangu nikiwa mdogo na sijawahi kubisha. Mteja akija kwenye cherehani yangu pale kibarazani, akianza, "Naomba unishonee gauni la...", mimi nimeshamalizia: la komunyo, jeupe, lenye mikono, na mtandio wake. Mara nyingi napatia. Nisipopatia, mteja ananikata jicho na mimi nacheka, tunaendelea.

Kwa hiyo baba alipopata kiharusi, mtu wa kwanza kuonywa hospitalini alikuwa mimi. Muuguzi alinivuta pembeni akaniambia, "Dada, mzee anatakiwa aongee kila siku, na watu wengi. Akikwama usimmalizie maneno. Mwache atafute mwenyewe, hata kama..." Nikamwambia, "Sawa, nimeelewa," na yeye alikuwa bado hajamaliza.

Inabidi mjue baba alikuwa nani hapa kwetu Matogoro. Kwa miaka mingi yeye ndiye aliyesoma matangazo kanisani. Misa ikikaribia kwisha, kabla ya baraka, alisimama pale mbele na kutangaza jumuiya yenye zamu ya usafi, wagonjwa wa kuombewa, funguo zilizookotwa kwenye benchi, na ndoa zijazo. Hakuwa na haraka. Kwanza alisalimia, akasubiri aitikiwe, ndipo akaanza. Kuna watu ambao ukiwauliza mahubiri ya Jumapili walikuwa hawakumbuki kitu, lakini matangazo ya baba waliyarudia mpaka sokoni.

Kiharusi kilimwachia miguu. Mkono wa kulia ukawa mzito, na ulimi ukawa unachagua: neno hili unalipitisha, lile unalikatalia mlangoni. Akanyamaza. Watu waliokuja kumpa pole aliwaitikia kwa kichwa, maana wote walikuwa wameizoea ile sauti yake na yeye hakutaka waisikie hii mpya. Ilikuwa aibu tupu, niliiona machoni pake, na iliniuma kuliko ugonjwa wenyewe.

Na kulikuwa na jambo ambalo nyumbani hakuna aliyelitaja. Mimi nilikuwa nimeshachumbiwa. Mchumba wangu ni fundi umeme, kwao ni Hanga, na mahari ilikuwa imeshapokewa kabla baba hajaugua. Kilichobaki ni kupeleka majina parokiani ili ndoa itangazwe. Kwetu ndoa hutangazwa Jumapili tatu mfululizo, na tangu nikiwa shule ya msingi baba alikuwa akiniambia, "Tangazo lako la tatu nitalisoma mwenyewe." Sasa mchumba akiniuliza majina tunapeleka lini, namwambia nina nguo nyingi za kwaya za kushona. Ukweli ni kwamba sikutaka ndoa yangu itangazwe na mtu mwingine huku baba amekaa kwenye benchi, kimya, anasikiliza. Nilikuwa tayari kungoja, ila hata mimi sikujua nangoja nini.

Nikichoka kushona nilikuwa nacheza gemu kwenye simu, ile ya timu mbili zinazogombea ngome. Msicheke, kazi ya kuinamia cherehani inachosha macho na mgongo. Kabla ya mechi wachezaji wote hukusanyika kwanza kwenye lobi, na humo kuna sauti ya mwanamke wa Kiingereza inayotangaza bila kupumua: mechi inakaribia, subirini, jiandaeni, mechi inakaribia. Jioni moja nimeweka spika, baba yuko kwenye kiti chake karibu nami, akageuka.

"Huyu... anamtangazia... nani?"

"Wachezaji, baba. Ni mashine tu hiyo."

Akaikazia macho simu. "Mbona... hasalimii?"

Nilifurahi hadi nikasahau kuendelea kushona, maana yalikuwa maneno mengi kuliko ya wiki nzima. Nikamweleza kwamba sisi tuna chumba chetu wenyewe, Waswahili watupu, na mle ile mashine tunaizima. Mwenye chumba ndiye anayetangaza kwa maiki nani yuko timu gani, na mwenye chumba ni mimi. Baba akaguna. Nadhani alijua nitakuwa natangaza vipi.

Siku chache baadaye nilikuwa nabana pindo la sketi, pini zimejaa mdomoni, na lobi imejaa watu. Wakaanza kelele: "Mwenye chumba! Tangaza basi! Umelala?" Kwa pini zile ningesema nini? Nikahangaika kuzitoa moja moja. Hapo baba akanyoosha mkono wake wa kushoto, akaichukua simu, akaisogeza mdomoni.

"Tum... Tumsifu... Yesu Kristo."

Jamani, nilitamani nijifiche chini ya cherehani. Halafu sauti ya kijana mmoja, ambaye tulimjua kama mkulima wa korosho wa Namasakata, kule Tunduru, ikasema kwa adabu kabisa, "Shikamoo mzee." Mwingine akaitikia, "Milele, amina." Wakafuata wote, shikamoo juu ya shikamoo. Baba akawaitikia marahaba mmoja mmoja, pole pole, na hakuna aliyemwambia afanye haraka. Wale hawakumjua. Hawakuwahi kuisikia sauti yake ya zamani, kwa hiyo hii ndiyo ilikuwa sauti yake.

Kuanzia hapo chumba kikawa cha kwake. Jioni nikiwasha simu anakuwa ameshakaa mkao wa kutangaza, shati limefungwa vifungo hadi juu, kana kwamba kuna mtu anamwona. Aliposikia kijana wa Namasakata ni Mwislamu, akaanza na asalaam aleikum kwanza kwa ajili yake, ndipo tumsifu. Timu akazibatiza jumuiya: jumuiya ya kwanza, jumuiya ya pili. Waliofungwa mechi ya jana walitangaziwa zamu ya usafi. Usafi wa wapi? Hakuna aliyeuliza. Kama kuna mtu kafiwa alitaja msiba, watu wakampa pole kabla ya mechi. Mvua ikinyesha Tunduru wakati mikorosho imechanua, aliiulizia, maana huharibu maua.

Kitu alichokataa kabisa ni yale majina ya kwenye gemu. Mtu mzima anajiita nyoka, mwingine anajiita risasi, kwa Kiingereza. "Hilo... si jina," alisema. Kila mmoja akatoa jina la nyumbani, na baba akawa anaita mmoja mmoja, naye anayeitwa anajibu, "Nipo tayari." Mechi haikuanza mpaka wote waitike.

Kuita majina kulimtesa. Jina lenye herufi nzito lilimkwamisha mpaka jasho likamtoka. Mwanzoni watu walimhurumia, wakajibu "Nipo tayari" akiwa katikati. Baba akawaka. "Sija... maliza! Subiri... uitwe!" Huku ameinua mkono wa kushoto juu, kama askari wa barabarani, na wao hawamwoni. Basi wakajifunza kusubiri. Mimi ndiye niliyeshindwa. Alipokwama nilikuwa namnong'oneza, naye akanigeukia siku moja na kuniambia kwa Kingoni ninyamaze, tena kwa neno ambalo siwezi kuliandika hapa. Tangu siku ile, akianza kuita, nachukua pini naziweka mdomoni. Hata kama sina kazi ya pini.

Alikuwa anapona, nyie. Mama aliyekuwa jikoni alianza kuacha mlango wazi ili asikie. Majirani wakapita wakasalimia, naye akawajibu kwa mdomo wake. Halafu siku moja tunakula, akasema, "Peleka... majina parokiani. La tatu... nasoma mimi." Mama akaweka kijiko chini, akaanza kulia. Mimi nikamtania mama kwamba anatia chumvi kwenye mboga bure, lakini na mimi nilikuwa nalia.

Paroko hakuwa na neno. Akasema mawili ya kwanza atasoma yule msomaji wa sasa, la tatu aachiwe mzee. La kwanza likasomwa mbio mbio, kama mtu anayekimbia mvua. Baba akatikisa kichwa njia nzima tukirudi nyumbani.

Wiki hiyo, kwenye lobi, baba alikuwa ameenda kunywa maji, simu ikabaki kwangu. Kijana wa Namasakata akasema, "Dada, usinifikirie vibaya. Mzee anatuita wote kwa majina. Mbona wewe hakuiti?"

"Ananiita. Ananiita mama."

"Hilo si jina," akasema, kwa ile sauti ya baba, na wengine wakacheka. Mimi sikucheka.

Kila baba hapa kwetu humwita binti yake mama, ni upendo, nani angeshangaa? Lakini baba yangu kabla ya kuugua alikuwa ananiita jina langu, tena kwa kulivuta, kutoka shambani hadi barabarani. Nilirudi nyuma kwa mawazo nikatafuta hata siku moja aliyonitaja kwa jina tangu kiharusi. Sikuipata. Jina langu ni refu na linaanza na zile sauti zinazomkwamisha, nalo ndilo atakaloliita mbele ya kanisa zima, kwa ukamilifu wake, maana ndoa haitangazwi kwa "mama".

Nikamwendea mama jikoni. Nikamweleza. "Anajua," akasema. "Asubuhi akienda kuangalia mahindi, mimi nakaa huku upande wa pili wa shamba. Namsikia. Analianza, linakatika. Usimwambie kuwa unajua."

Jamani, kukaa na jambo kama hilo kwa mtu mwenye mdomo kama wangu! Nilimeza maneno wiki nzima. Tangazo la pili likapita. Nilitaka kumwambia, baba, acha, mwache yule asome, haina shida. Nilitaka niende kwa paroko wafupishe, wasome jina la ubatizo tu, ambalo ni fupi. Kila nilipofungua kinywa nilimwona na ule mkono wake juu. Nikauchuna.

Jumapili ya tatu alivaa koti. Akatembea hadi mbele bila kushikwa, akageuka, akasubiri kikohozi cha mwisho kiishe. "Tumsifu Yesu Kristo." Kanisa lilivyoitikia, sijawahi kusikia. Akasema ana tangazo moja tu, la ndoa, mara ya tatu na ya mwisho. Akasoma jina la mchumba wangu, na wazazi wake, na kwamba ni wa Hanga. Alikwama mara mbili, akatoka.

"Na..."

Mdomo wake ukajaribu, ukakataa. Akaanza tena. Msomaji wa sasa akanyanyuka nusu pale alipokaa. Bibi mmoja wa benchi la mbele akaanza kumnong'oneza. Baba akainua mkono wa kushoto juu, bibi akanyamaza, msomaji akakaa.

Lile jina nilikuwa nalo, ni langu, lilikuwa limenijaa mdomoni na ningeweza kulisema mara mia wakati yeye analitafuta. Nikabana midomo kama nina pini. Mchumba wangu akanishika mkono na nikamfinya hadi akaguna. Baba hakuwa anaitazama karatasi tena. Alikuwa ananitazama mimi.

Likatoka vipande. Cha kwanza, cha pili, kikachelewa cha tatu. Akavuta pumzi, akaviunganisha, akaliita jina langu lote kwa mkupuo, na akalivuta mwishoni kama zamani, kutoka shambani hadi barabarani.

Na mimi, kwa kuwa nimeitwa, nikasimama.

"Nipo tayari!"

Kanisa zima lilicheka. Paroko alicheka hadi akavua miwani. Baba peke yake hakucheka. Alisubiri watulie, kama ilivyo kawaida yake, kisha akamaliza: anayejua kizuizi chochote cha ndoa hii amwone paroko. Akaikunja karatasi kwa mkono mmoja, akaniona bado nimesimama, machozi yananitiririka.

"Haya, kaa chini," akasema, na akaniita jina langu tena, bila kukwama.