Kijiji cha Poland Nilichokiandikia Historia

Mwalimu wa jiografia alitugawia vijiji vya dunia kwa vikaratasi alivyovikunja ndani ya kofia yake. Mimi nikaokota kijiji kidogo cha Poland, jina lake herufi zinasukumana kama ng'ombe kwenye josho. Kazi ilikuwa kurasa mbili, jiografia na historia. Nilishakosa kazi mbili, na ya tatu ingemleta mzazi shuleni. Mzazi ndiye mama, muuza mitumba soko la Sirari. Akikosa siku ya soko, wiki nzima tunakula maharage na kununiwa.

Kwenye simu ya kaka, kijiji kilikuwa na mistari mitatu: kipo wilaya fulani, kaskazini mwa mji fulani, kina watu wachache. Basi. Niliirudia mpaka nikachoka mimi, ikachoka na simu.

Nikamfuata bibi, anapukuchua mahindi.

"Shikamoo bibi. Kijiji kinaanzaje?"

"Marahaba. Watu wanachoka kutembea, wanakaa."

"Chetu kilianza mwaka gani?"

"Walipotahiriwa watu wa nzige."

Kwetu wazee huhesabu hivyo, kila rika la tohara na jina lake.

"Kwa tarakimu je?"

"Si unasoma wewe? Hesabu. Mimi nimechoka."

Nikaandika yote aliyowahi kunisimulia bibi kuhusu kijiji chetu: mpaka wa koo mbili pale mtoni, ng'ombe walioibwa wakafuatwa kwa nyayo, Wajerumani waliobeba mbuzi. Wajerumani hata Poland walifika, nikajipongeza. Juu nikaweka lile jina la herufi nyingi.

Mwalimu alisoma mbele ya darasa, polepole, sauti ya mtu aliyefundisha vipindi sita bila chai.

"Kumbe hata Poland kuna rika la nzige?"

"Ndiyo mwalimu, ila kule baridi. Nzige wanavaa makoti."

Darasa likalipuka. Nikajua nimejimaliza.

"Kesho, mama yako."

Kesho yake ilikuwa siku ya soko. Mama alifika na vumbi la barabara, akakaa kwenye benchi la ofisini, akapewa zile kurasa. Akasoma bila kuinua kichwa. Nilingoja kofi.

"Mto umeukosea," akasema. "Mpaka uko ng'ambo, kwenye kaburi la babu yako."

Akaomba kalamu, akasahihisha.

Mwalimu akapiga miayo. "Basi mama, afute Poland, aandike kijiji chenu. Nitampa nusu ya maksi."

"Nusu inatosha, mwalimu."

Nilimsindikiza hadi kwenye bodaboda. Jua lilikuwa utosini, wanunuzi wa asubuhi walishaondoka zamani. Akapanda hivyo hivyo kwenda sokoni, akalifumbata furushi lake la mitumba.