Jaji, Waziri, na Mzee Aliyekataa Kuoga

Siku yangu ya kwanza kazini kama jaji, katika mji wetu kule Kongo, nilivaa joho refu kuliko mimi, nikajikwaa mbele ya washitakiwa wawili na mbuzi mmoja aliyekuwa kizibiti. Kizibiti, vijana, ni kitu kinacholetwa mahakamani kuthibitisha neno. Huyu wetu alikula hati ya mashtaka. Rais wa mahakama, mkubwa wangu, hakucheka. Aliniita pembeni: "Bon, jaji, joho litakatwa. Lakini shika hili: sikia huyu, sikia na yule, ndipo ufungue kinywa."

Nilishika, na hilo ndilo lililoniharibia uwaziri. Nilipopandishwa kuwa waziri wa ardhi mkoani, karatasi ya kwanza mezani ilitaka mfanyabiashara apewe shamba la wajane. Nikawaita wajane, nikamwita na mfanyabiashara. Mkuu wa serikali yetu ya mkoa akapiga simu.

"Bwana Waziri, umefungua mahakama humo ofisini?"

"Hapana, Mheshimiwa. Ninawasikiliza tu."

"Waziri hasikilizi. Waziri anatia sahihi."

Sikutia. Niliondolewa kabla sijajua funguo za ofisi zipi ni za mlango upi. Kisha vita ikaja, tukakimbia, na baada ya miaka mingi kambini mimi na mke wangu, Mama Furaha, tukatua Louisville, Marekani.

Katika ofisi ya kupokea wageni, dada mmoja aliuliza nilikuwa na kazi gani. Mkalimani akajibu, "Minister." Kwa Kiingereza neno hilo ni waziri, na pia ni mchungaji, na yule dada alikuwa mtu wa kanisa sana. Akaandika mchungaji, na karatasi hiyo ikanitangulia kazini.

Donc, basi, nilipoanza kupanga maboksi kwenye ghala la viatu, supavaiza akakusanya watu wote. Mashine ya kusukuma maboksi ilikuwa ikikwama kila asubuhi, na mchungaji mpya angeiombea. Niliwaona wameinamisha vichwa. Kiingereza changu kilikuwa maneno ishirini, na hakuna hata moja la sala. Nikatamka kwa Kifaransa kitu pekee nilichokijua kwa moyo: maneno ya kufungulia kikao cha mahakama. Wakaitikia amina. Mashine ikawaka.

Nilitaka kusahihisha, lakini Safari, Mkongomani mwenzangu pale, akanizuia. "Muzee, acha tu. Waziri hapa anabeba boksi. Muchungaji wanamupatia kiti."

Magoti yalipochoka na maboksi tulihamia Reynoldsburg, karibu na Columbus, Ohio, nikapata kazi ya kutunza wazee katika nyumba moja kule Gahanna. Msimamizi, mama mwenye haraka, alinionyesha chumba cha mwisho, cha mzee mmoja.

"Huyo amefukuza wahudumu watatu. Asipooga kufikia Ijumaa, watoto wake wanamhamishia kwenye nyumba ya milango ya kufungwa. Alikuwa jaji, na anadhani bado ni jaji."

Nilibisha hodi mlangoni, nikangoja mpaka aliponiita. Nikamwambia kwamba mimi pia nilikuwa jaji. Alitazama ndoo ya kuogeshea niliyoishika.

"Mahakama gani?"

Nikamsimulia habari ya mbuzi. Alicheka hadi akakohoa, kisha akaketi wima kitandani. "Leta ombi lako."

"Mheshimiwa, ninaomba uamuru kwamba uoge."

"Ninapinga!"

"Kwa sababu zipi?"

Alivuta shuka hadi kidevuni. "Wanaingia bila hodi. Wananivua nguo kama mtoto mchanga, huku wanazungumza habari zao."

Nikaomba tuahirishe, yaani shauri lisimame kidogo, nikaenda kumsikiliza msimamizi. "Nina wazee kumi na mikono miwili," akasema, na machozi yakamlengalenga. Kumbe naye alikuwa na hoja.

Nikarudi na pendekezo: abishiwe hodi, aitwe Jaji, ajioshe mwenyewe akiwa amekaa kwenye kigoda, nami nisimame nyuma ya pazia na taulo.

"Ninakubali," alisema, "lakini ninajihifadhia haki ya rufaa." Rufaa ni kupeleka kesi kwa mkubwa zaidi. Sikujua katika bafu mkubwa zaidi ni nani.

Ijumaa asubuhi alioga. Alitoka ananukia sabuni, akapaza sauti ukumbini, "Kesi inayofuata!" Msimamizi alicheka kwa mara ya kwanza tangu nimjue. Watoto wa mzee walikuja na mabegi, wakarudi nayo matupu. Aliishi chumba kile hadi mwisho wake, na kila siku ya kuoga alipinga kwanza.

Sasa nimestaafu, niko Buffalo, mtaa wa West Side, ghorofa ya chini ya nyumba ya binti yetu. Mnaniuliza cheo kipi kilikuwa kikubwa. Vyote nilivuliwa, masikio tu ndiyo sikunyang'anywa.

Watu bado wananiletea mashauri. Juzi walikuja mume na mke waliogombana kwa sababu ya mama mkwe kuja kukaa nao. Nilimsikiliza mume sebuleni. Mke alikwenda jikoni kumsaidia Mama Furaha. Nikaandika hukumu nzuri, aya nne, bila kuona kwamba mume naye ameitwa jikoni, na nilipoinua kichwa wale wawili walikuwa wanavaa makoti, wameshikana mikono, wanacheka.

"Na hukumu yangu?" nikamuuliza Mama Furaha.

"Soma," akasema, akinipa kisu. "Lakini huku unamenya viazi."

Nikaisoma yote. Alisikiliza hadi mwisho, kisha akanionyesha kiazi nilichomenya upande mmoja tu, wa pili ukiwa bado na maganda.